Jokofu la Tsiala

Theluji ya kweli haisikiki vizuri.
Niliirekodi Januari nzima, mlimani Gudauri,
ikatoka kama mtu anatafuna karatasi.
Basi Nukri akajaza soksi wanga wa viazi,
akaibinya kwa vidole viwili, kru, kru,
na mwanamke kwenye skrini akaanza kutembea.

Filamu haina pesa. Mwongozaji, Zviad,
hunilipa kwa jibini na ahadi.
Studio ni bafu langu, mtaa wa Sololaki:
blanketi mlangoni, maikrofoni juu ya sinki,
na jirani wa juu akivuta maji ya choo
tunasubiri, tukitazamana, hadi bomba linyamaze.

Kwenye tukio la kifo niliandika fidla tatu.
Wiki mbili. Nililia mwenyewe nikizipiga.
Zviad akasikiliza, akavua miwani, akaifuta:
"Nzuri. Lakini inaniamuru nilie."
Nikakasirika. Nikazima moja. Nikazima ya pili.
Ya tatu ikabaki inaning'inia kama shati la marehemu.
Nikaizima nayo.

Kikabaki nini?
Jokofu. Lile kuukuu la mama yangu, Tsiala,
nililolirekodi siku tatu baada ya maziko,
sijui kwa nini, labda kwa kuwa ndilo pekee
lililokuwa bado linanguruma nyumbani.

Tumeliweka chini ya picha, chini kabisa,
mahali ambapo sikio halijui kwamba linasikia.
Halafu, mwanamke anapofumba macho,
linajizima, tk,
na ukumbi mzima, watu arobaini na mmoja,
unageuza shingo kutafuta nani ametoka.