Hadi Madeni Yote

Leo nimelipa shilingi ya mwisho.
Karani, kijana mpole mwenye kalamu ya buluu sikioni,
alipiga muhuri mara mbili, akanipa risiti.
"Hongera, Bi Mbeyu."
Nikanyoosha mkono tena.
Mkono ukabaki hewani.

Nilikuja na bahasha yangu, ile ngumu ya hamsini,
nimeibeba wima kwenye boda kutoka Maweni
isijikunje.
Miaka kumi na mmoja hati yangu imelala
kwenye kabati la chuma, inapepewa na kiyoyozi,
na mimi naungua na jua la Malindi
juu ya ardhi hiyo hiyo iliyoandikwa humo.

"Hati bado, mama. Kuna ile friza."

Friza.
Ya kaka yangu Kahindi, ya kuuzia barafu,
iliyokufa mwaka juzi umeme ulipopotea siku tisa:
barafu ikawa maji, maji yakawa deni.
Saini ya mdhamini niliitia nimesimama,
mtoto mgongoni, karatasi juu ya boneti
ya gari la afisa wa mikopo.
"Hapa, mama." Kidole chake kinene
kilionyesha mstari mmoja na kufunika mitatu.

Leo karani amenisomea ile mitatu, taratibu, bila kiburi:
benki ina haki ya kuzuia hati
hadi madeni yote,
aliyokopa na aliyodhamini,
yatakapokwisha.
Yote. Neno fupi vile,
limeingia nyumbani kwangu bila hodi
na kuvuta kiti.

Elfu arobaini na moja, mia sita.

Sikumtukana. Hata yeye ana kwao, ana kodi.
Lakini njiani nilikuwa nikisema peke yangu,
mwenye boda akadhani naongea na simu:
dawa ya deni kulipa, walituambia wazee.
Hawakutuambia deni la nani.

Kahindi nilimkuta kibarazani na mkokoteni wa kukodi.
Kapata mnunuzi wa vyuma chakavu,
kaja kuichukua friza yake
ambamo natunza unga, panya wasiufikie.
Hakuuliza habari za benki.
Aliiona bahasha ilivyo nyembamba, akatazama chini.

Nikafungua mfuniko.
Nikatia bahasha tupu na risiti kati ya mifuko,
nikapiga kufuli, ufunguo nikaufunga pindoni mwa leso.
"Friza haitoki, kaka. Hadi madeni yote."
Sauti haikuwa yangu.
Ilikuwa na kalamu ya buluu sikioni.

Tukatazamana.
Yeye ndiye aliyeanza kucheka, kisha akaacha.
Mwenye mkokoteni akauliza kama atalipwa kwa kusubiri.

Nikawateleka chai wote wawili.
Sukari ilikuwa mle ndani.
Tukainywa hivyo hivyo.