Zako Tia Maji

Mgahawa wameuita Kinyozi.
Nguzo ya milia wameiacha mlangoni,
nyekundu na nyeupe, haizunguki tena.
Kahawa dola sita. Kikombe hakina mkono.

Ukutani, ndani ya fremu mpya,
Mjomba Alcee ameshika wembe,
na aliyeketi, shingo imefungwa taulo,
ni baba yangu, wiki ya harusi yake.
"Wazee wa zamani," kijana wa kaunta ananiambia.
"Tuliwakuta ghalani." Kisha, kwa upole kabisa:
"Ndiyo mara yako ya kwanza Albina?"

Nilizaliwa hatua arobaini kutoka mashine yake ya kahawa.

Mjomba alitoka Luiziana wakati wa vita
kuja kuunga meli Portland. Mafuriko ya Vanport
yalimbakizia mkasi na kiatu kimoja.
Akaanza upya hapa, kwa kiti cha kuazima,
maana benki haikukopesha mtu wa mtaa huu:
ramani yao ilikuwa na mstari mwekundu.
Leo benki hiyohiyo ina tawi ng'ambo ya barabara,
na bakuli la peremende.

Walianza kunyolewa akina Tibbs, kupisha hospitali
iliyobaki miaka na miaka kuwa kiwanja cha nyasi.
Wakafuata akina Fontenot: kodi ya nyumba.
Kisha Verlene wa kwaya, aliyepigwa faini
kwa rangi ya kibaraza kubabuka.
Mama aliona. Zake akatia maji mapema:
akalipa kodi kabla ya wakati, akapaka kuta,
akang'oa hata waridi lililochungulia nje ya uzio.

Wembe haukuuliza kama kichwa kimelowa.

Sasa anakaa mashariki, basi linapoishia,
juu ya duka la matairi.
Jumapili anatoka gizani, mabasi mawili,
aje kuimba kanisa lilelile,
ambalo jirani mpya amelishtaki kwa polisi:
ngoma zinamwamsha mbwa.

Nikauliza bei ya picha.
"Hiyo haiuzwi," kijana akasema, mkono kifuani.
"Ndiyo roho ya mahali hapa."

Kitu kimoja, basi, katika Albina nzima.

Nikamwachia bakshishi, sijui kwa nini.
Mlangoni nikaisukuma nguzo kwa kiganja.
Ikazunguka nusu,
ikalia,
ikakwama upande mweupe.