Ukoko wa Mwaka

Andika, bwana karani. Wino nimekuja nao.
Jina la mama: Mize Shaame Faki, wa Wawi,
mchambuaji makonyo, tanuri la tatu, zamu ya alfajiri.
Jina la mtoto: Subeit Kombo.
Tarehe:
hapo ndipo kalamu yako hukwama kila mwaka.

Kalenda yenu naijua, nimejifunza kwa pua.
Mwaka ni pishi kumi na mbili,
pishi ni siku thelathini, pishi ya mfuto,
kilichozidi ukingo hupanguswa.
Na siku zina majina sita tu: Kuni, Washa, Fukuta,
Chemka, Tona, Poa,
kisha Kuni tena, na king'ora.
Kila siku ina jini wake ndani ya bomba
na kila jini ana kadi,
hutobolewa akiingia, hutobolewa akitoka,
sawasawa na mie.

Lakini jua halikupimwa kwa pishi.
Kila mwaka hubaki siku tano chini ya sufuria,
zimeshika, zimeungua kidogo.
Nyie hamziandiki. Sie twaziita ukoko.
Moto huzimwa, hapana ujira wala deni,
na mkunga wa serikali hatoki kwake
maana siku isiyokuwepo haina nauli.

Uchungu ulinishika ukoko wa pili.

Niliita hadi sauti ikawa uzi.
Aliyekuja ni yule wa tanuri langu,
kafunguliwa likizo, hajui pa kukaa,
ananuka makonyo mabichi, kichwa kinagusa makuti.
Akaikumbata ndoo kwa viganja viwili, maji yakachemka.
Hapana kadi iliyotobolewa. Hapana aliyemlipa.
Akamgeuza mtoto, akanyamaza,
akasema neno moja ambalo sitakwambia,
si la kitabu chako.

Mwaka wa saba huu nasimama dirishani hapa.
Mara ya kwanza uliniambia niseme Poa ya mwisho.
Mara ya nne, Kuni ya mwanzo, yote mamoja.
Si mamoja! Poa ya mwisho alikuwa tumboni akipiga teke;
Kuni ya mwanzo n'shazika kondo lake chini ya mgomba.
Skuli hawamtaki, sindano hawampi,
daftari linasema hajafika.

Shahidi ninaye. Yumo bombani, nyuma ya ukuta huu.
Msikilize anavyogonga: saba, anatua, saba.
Fundi anasema ni kutu.

Basi usiandike tarehe. Acha tundu kwenye karatasi,
tundu tupu, kama lile la kadi yangu.
Ila hebu tazama nilichokifunga pindoni mwa kanga.
Limeng'oka jana, anatafuna ukoko wa wali.
Jino, bwana karani. La mbele.
La nani, kama hajazaliwa?