Fremu Thelathini na Moja

Jina lake lilipita kwenye skrini
watu wakiwa wamekwisha simama,
wanapapasa kofia chini ya viti:
Halszka Mroczek, mhariri.
Mara mbili walikosea herufi.
Mara moja walimsahau kabisa,
naye akasema afadhali, utepe umekuwa mfupi.

Łódź ni mji wa nguo.
Mama yake, Genowefa, alisimama miaka ishirini na miwili
mbele ya mtambo wa kufuma
hadi masikio yakamfia.
Binti akarithi mkasi.

Nilimkuta mwaka wa sabini na moja,
mimi mbeba makopo, mchemsha chai.
Glavu nyeupe za pamba, sigara mdomoni isiyowashwa,
mazoea ya enzi ya filamu zilizoshika moto
kwa umbea tu, alivyopenda kusema.
Alinifundisha:
usimkate mtu anaposema.
Mkate anapomeza mate.
Neno ni la mwandishi; mate ni yetu.

Mwongozaji Zbylut aliingia na koti lenye theluji:
"Jua lile nimelisubiri wiki tatu!"
"Jua zuri," akajibu. "Litoe."
Akaondoka kwa kishindo cha mlango.
Asubuhi akatazama, akanyamaza,
akaenda ng'ambo kupokea nishani
na kumrudishia Halszka
kipande cha sabuni ya waridi.
Ilikaa dirishani, haijafunguliwa, hadi karatasi ikapauka.

Filamu ya kituo cha reli
ilihitaji umati, nao umati ulilipwa supu.
Genowefa alikwenda na shali yake ya Pasaka.
Treni ilipoondoka, wote waliitazama treni.
Yeye aliitazama kamera.

Usiku ule mtambo ulizunguka mbele, nyuma, mbele.
Fremu thelathini na moja:
sekunde moja na chenji.
Angeweza kuziacha. Nani angejua?
Lakini jicho moja likitutazama
treni yote inageuka mbao na rangi.
Akakata. Akagandisha. Akazima taa.

Siku ya kwanza ya maonyesho
mama alivaa shali ileile,
akakaa safu ya mbele, kwani hakusikia,
na kusikia kwake kulikuwa machoni.
Kituo kikaja, treni ikaja, treni ikaenda.
Mama hakuuliza.
Njiani alinunua samaki wa chumvi wawili,
akampa binti yake mkubwa zaidi.

Hayo aliniambia mara moja tu,
akiwa amenipa kisogo, anafuta vumbi kwenye lenzi.
Kisha: "Chai imepoa, Ignac. Unasubiri nini?"

Alizikwa Novemba, tulikuwa watu tisa.
Mpwa wake alinikabidhi kopo la vifungo
akidhani ni la vifungo.
Chini kabisa, ndani ya glavu,
utepe umejikunja kama ganda la chungwa.

Nimeuinua dhidi ya dirisha.
Genowefa anageuka polepole kutoka kwenye moshi,
mdomo umeanza kufunguka,
anamtafuta mtu upande huu wa kioo.
Halszka hakukosea, ingeharibu kila kitu.

Miaka arobaini nimefanya kazi hii.
Nimehesabu fremu, nikarudia kuhesabu,
nikatafuta pa kukata.
Hapapo.