Dole Gumba

Oruro, mwezi wa saba, baridi ya kupasua midomo.
Nje ya lango la chuo Wálter kafungua kibanda,
mashine yake ya fotokopi inaguruma tangu alfajiri.
"Kile cha mgodi? Kipo.
Kurasa mia tatu na kumi, bei ya supu mbili.
Nani atajua?"

Nakiri, mkono ulishaingia mfukoni.
Mhadhiri anataka insha Alhamisi ijayo,
na madukani kitabu kiliadimika kabla sijazaliwa.

Nikaenda maktaba ya manispaa.
Nakala moja, haitoki nje.
Mhudumu, glavu zake hazina vidole,
akanipa penseli na kiti karibu na jiko.
Siku nne nikasoma pale, nikinukuu kidogo kidogo,
na ubavuni mwa kila nukuu namba ya ukurasa,
kama mtu anayeandikisha deni lake dukani.

Siku ya tano nikapanda kilima kwa mjane wa mwandishi.
Barua yangu ilijaa maneno mazito:
kwa taadhima, idhini ya maandishi, mwenye hakimiliki.
Bibi Fidelia hakuisoma.
Aliburuta kutoka uvunguni boksi la maziwa ya unga,
ndani yake madaftari kumi na moja,
na chini ya kila simulizi duara la wino wa zambarau:
dole gumba la mchimbaji asiyejua kuandika.

"Zenobio aliwasomea kwanza," akasema.
"Mtu akikataa, anaichana karatasi mbele ya macho yake.
Wawili walikataa. Usiku wao haumo kitabuni.
Nami nilimnunia wiki nzima,
maana mchapishaji alilipa kwa ukurasa."

Nikayatazama madole yale.
Moja lina kovu, limekata mistari
kama reli iliyong'olewa.

Akatia sahihi juu ya ubao wa kukatia vitunguu.
Kabatini zilibaki nakala sita;
bei iliyo nyuma ya jalada ni ya sarafu iliyokwisha kufa,
tukacheka, tukapatana upya.
"Sharti ni moja," akaniambia mlangoni,
"majina yao usiyakosee."

Kwa Wálter sikupita.
Si utakatifu: njia ya kwake ina barafu,
na mikono yangu yote miwili
ilikuwa na kazi.