Mkunja Miavuli wa Ukonga

Mkiandika historia ya kikosi, waandikeni marubani,
majina yao hukaa vizuri kwenye jiwe.
Mimi niandikeni pembeni, kwa penseli:
Koplo Nakijwa, chumba cha miavuli, Ukonga,
meza ndefu kama ukumbi,
feni marufuku, kucha fupi, pete vua.

Kamba kwanza. Zihesabu
kama mama anavyohesabu watoto stendi.
Kisha kitambaa, pindo kwa pindo,
hewa iliyojificha ndani uikande itoke.
Kisha kadi: tarehe, saini.
Kila aliyeruka na kikosi miaka ile
alikalia jina langu.

"Usipofunguka je?" walinitania.
"Nirudishie, nikupe mwingine."
Tulicheka. Kicheko kilikuwa kifaa cha kazi,
kama unga wa talki.

Ikaja Kagera.
Ziliondoka mbili mbili alfajiri,
vikombe vya chai vikatembea vyenyewe mezani,
watoto wa Gongo la Mboto wakazoea kulala na ngurumo
na kuamka ikikoma.
Mjini foleni ya sukari ilizunguka duka mara mbili.
Mimi nilikuwa na nailoni ya kufunika mtaa mzima
na sina kipande cha sabuni cha kufulia kanga.
Usiku nilikunja. Nilikunja
hadi vidole vikasahau ni vya nani.

Luteni Ngwandu alichukua wake Jumanne.
Akaugonga mara mbili, kama anachagua tikiti maji.
"Umeiva," akasema.
Hakurudi.

Mkuu alisema mbele ya gwaride maneno yanayosemwa.
Bendera ilishuka nusu, ikapanda.
Swali langu lilikuwa dogo, la fundi, la aibu:
ulifunguka?
Sikuwa na wa kumuuliza.
Nililitafuna kimyakimya
huku nakunja wa mwenzake.

Kisha amani, na amani ya ndege ni kutu.
Vipuri vilikuja kwa meli, au havikuja.
Ili moja iruke, mbili zilivuliwa nguo,
Sajenti Chitemo akiazima bomba huku, gurudumu kule,
akiapa atarudisha.
Tisa Desemba tulipita juu ya Uwanja wa Taifa:
mwaka mzima wa grisi kwa sekunde sita,
na mtu jukwaani, mdomo umejaa karanga,
akauliza, "Zimeshapita?"
Adui aliyebaki alikuwa kunguru,
hawahawa wa jalalani, shingo za kijivu,
wasiompigia saluti yeyote.

Mmoja aliingia injini ya Kapteni Lihawa
juu ya Pugu, asubuhi ya mazoezi.
Akajirusha. Ukafunguka.
Akatua Chanika kwenye shamba la mihogo
na mwenye shamba, Bi Mwamtoro, akamkamata ukosi:
"Mihogo yangu kwanza, Mungu utamshukuru baadaye."
Jioni alinijia na kilo mbili za sukari,
shingo imekakamaa, anacheka, anatetemeka.
Nikapokea. Nikafunga mlango.
Nikalia, wala si kwa furaha:
kuna kilo mbili nyingine
ambazo namdai mtu, au ananidai yeye,
sijajua hadi leo.

Nimestaafu. Miavuli iliyochakaa ilikwenda mnadani.
Nimeukuta mmoja Majumba Sita, turubai la harusi;
wenzangu wanamtazama bibi harusi,
mimi nimeinua shingo natafuta mshono.
Zinapita ndege nyingine sasa, sizijui majina.
Mjukuu hupiga kelele zikija.
Mimi husubiri zirudi, nahesabu.

Kadi ya Ngwandu ninayo, nusu yangu;
nusu yake aliondoka nayo.
Tarehe ipo. Saini ipo.
Chini kuna mstari mtupu:
*Umetumika: ndiyo, hapana.*
Nimechonga penseli hii mara nyingi.
Imebaki fupi kama kidole gumba.