Kivuli cha Mize

Kamera ya kwanza niliinunua kwa harusi.
Harusi arubaini na tatu, Wete hadi Konde,
bibi harusi kainamisha macho, pilau inapakuliwa,
shangazi mtu ananifokea: "Wee! Usinipige, nna tonge mdomoni!"
Usiku nakata, naunga, nachoma sidii,
na ndani ya kila sidii, wenyewe hawakujua,
nilificha sekunde mbili za kwangu:
birika likidondosha maji,
kisigino chenye hina kikivuka mlango.

Halafu nikajiita mtayarishaji.
Mtayarishaji, kwetu Wete, maana yake mdaiwa.
Jenereta la Shaame kwa siku, mafuta juu yangu.
Bati nililolibandua kwenye banda la kuku
ndilo lililorudisha jua mashavuni mwa waigizaji.
Mama akauliza, kuku walale wapi?
Mwezi mmoja tu, mama.
Walilala jikoni hadi Ramadhani.

Mize alikuwa na uso ambao lenzi haiushibi.
Tumebakisha maonyesho manne, akaposwa, akaolewa.
Mumewe, Hamad, mtu muungwana, alinikaribisha chai,
akanimegea mkate wa mofa, akasema taratibu:
"Ulichokwisha kupiga, chako. Sura yake tena, hapana."
Niliinywa ile chai.
Ada ya mdogo wangu nilikuwa nimeshaila.

Siku tatu sikugusa kamera.
Ya nne nikamtuma Faki akaulize:
na kivuli, je?
Jibu lilirudi magharibi, la Mize mwenyewe:
mwambie, kivuli hakikuolewa.

Tukamaliza hivyo. Ukuta wa chokaa, Utaani,
bati mikononi mwa Faki limepinda, linatetemeka,
na mwanamke mrefu, mweusi, anaiaga nyumba yake
bila pua, bila macho,
kiganja kinapapasa ukuta kama kinasoma.
Hamad alisimama pembeni.
Ndiye aliyetushikia waya.

Tulionyesha uwanja wa skuli, kwenye shuka mbili zilizoshonwa,
mshono ukipita katikati ya kila uso.
Watu walicheka, walitafuna njugu, jenereta likakohoa.
Kilipofika kivuli
nilisikia shuka inavyopumua.

Shaame bado ananidai. Jumamosi kuna harusi Limbani,
betri nimeshachaji.
Bati nimelirudisha kwa kuku;
mvua ikinyesha linavuja palepale Faki alipolipinda.
Mama ameweka sufuria chini yake,
hajasema neno.